Kumbukumbu za Kikao cha Kuishtaki Hadithi ya Mgane wa Ubaruku

CHAMA CHA WASOMAJI NA WASIKILIZAJI, ILOMBA – MBEYA

Kikao cha Kamati kilichofanyika Jumamosi tarehe 14 Septemba 1957 katika Ukumbi wa Chama, Ilomba

WALIOHUDHURIA
1. Mwl. Saulo Mwangoka – Mwenyekiti
2. Mzee Jailos Mwalukasa – Mjumbe. Mzee wa kanisa
3. Bw. Alinanuswe Mwasumbi – Mjumbe wa vijana. Fundi wa baisikeli
4. Bibi Marta – Mjumbe. Mkunga wa mtaa
5. Bi. Ikupa – Mjumbe. Mkamwana wa Mzee Jailos (nyuma ya pazia)
6. Bi. Severina Mhongole – Msomaji wa Chama. Mshonaji, mwenyeji wa Iringa
7. Danieli Kalinga – Katibu. Mwenyeji wa Iringa vilevile, jambo ambalo halikusahauliwa na mtu kikaoni

ASIYEHUDHURIA
Bw. Ezekia – udhuru. Lori la mpunga limekwama njia ya Rujewa. Habari hiyo ililetwa na mkewe, ambaye aliongeza kwamba lori hilo lina akili sana, maana hukwama siku za kikao tu.

KUMB. NA. 1/9/57: KUFUNGUA KIKAO

Mwenyekiti alifungua kikao saa nane na robo mchana, baada ya wajumbe kutimia na baada ya Katibu kurudi nyumbani kuchukua miwani aliyokuwa ameivaa. Alimwomba Mzee Jailos aongoze sala. Mzee Jailos aliomba kwa kirefu, na katikati ya sala akawataja mbele za Mungu "wale wanaotunga uongo na kuwasomea watu wazima." Bi. Severina aliitikia "Amina" kabla sala haijafika mwisho. Mwenyekiti aliwakumbusha wajumbe kwamba sala ni ajenda ya kwanza, na hadithi ni ya nne.

KUMB. NA. 2/9/57: KUTHIBITISHA KUMBUKUMBU ZA KIKAO KILICHOPITA

Katibu alisoma kumbukumbu za mwezi Agosti. Mzee Jailos alipinga mahali palipoandikwa kwamba yeye "alipiga kelele." Alisema mtu wa umri wake na cheo chake hapigi kelele, hueleza kwa nguvu. Bw. Alinanuswe alisema maelezo hayo yalifika mpaka kibandani kwake, ng'ambo ya barabara, na mteja mmoja akaacha baisikeli akaenda kuangalia nani amekufa. Ilikubaliwa isomeke "alieleza kwa nguvu." Katibu aliomba radhi kwa kalamu yake, akasema ameishi nayo miaka mingi na bado hawajaelewana.

Kumbukumbu zilithibitishwa kuwa sahihi.

KUMB. NA. 3/9/57: YATOKANAYO – PAZIA

Mwenyekiti aliagiza habari ya pazia iandikwe tena kwa faida ya wanachama wapya, hasa wale wa kutoka Iringa na Njombe, ambao bado huuliza kwa nini ukumbi umekatwa katikati kama nyumba ya ugomvi.

Kwa mila ya Wanyakyusa, mkamwana haonani uso kwa uso na baba mkwe wake, hasemi naye, wala halitaji jina lake. Chama kilipoanza kusoma kwa sauti siku za Jumamosi, wakwe walikaa ndani na wakamwana wakabaki nje juani, wakisikiliza kwa dirishani na kunyonyesha. Ndipo likatundikwa pazia la kaniki kutoka ukuta hadi ukuta. Wakamwana huingia kwa mlango wa nyuma na kusikiliza bila kuonwa. Wako Wakristo ambao siku hizi wamelegeza mila hiyo. Mzee Jailos hakulegeza.

Katika vikao vya Kamati, Bi. Ikupa hukaa nyuma ya pazia na kumwambia maoni yake Bibi Marta, aliyekaa ukingoni, naye Bibi Marta huyafikisha mbele. Sote huyasikia mara ya kwanza, lakini kwa heshima tunangoja mara ya pili.

Mzee Jailos alilalamika kwamba pazia sasa linapitisha vicheko, na kwamba Jumamosi iliyopita alisikia kicheko anachokifahamu. Aliomba lishonwe jingine zito zaidi. Bi. Severina alijibu kwamba kitambaa cha kuzuia macho anaweza kukipata dukani, lakini kitambaa cha kuzuia kicheko hajakiona Mbeya wala Iringa.

Shauri liliahirishwa.

KUMB. NA. 4/9/57: MASHTAKA JUU YA HADITHI "MGANE WA UBARUKU"

Mwenyekiti alieleza kwamba tangu mwezi wa Mei Bi. Severina amekuwa akisoma, kila Jumamosi, sehemu moja ya hadithi aliyoitunga mwenyewe. Hadithi inamhusu mkulima wa mpunga wa Ubaruku, mtu wa miaka arobaini na mitano, mwenye mvi za pembeni, aliyefiwa na mke na kuachiwa watoto watatu. Msichana wa miaka ishirini, jina lake Evarista, amekuja Ubaruku kwa shangazi yake wakati wa mavuno, na sasa hataki kurudi kwao. Hadithi haijaisha. Wasikilizaji wameongezeka hata viti vimeazimwa kanisani, na nyuma ya pazia hapana mahali pa kuweka mguu.

Mwenyekiti aliendelea kusema kwamba amepokea ombi la wajumbe wawili, Mzee Jailos na Bw. Alinanuswe, kwamba hadithi hiyo ikomeshwe na karatasi zake zichomwe moto. Alisema ameshangaa kidogo, kwani wajumbe hao wawili hawajawahi kukubaliana juu ya jambo lolote tangu Chama kizaliwe, hata juu ya saa.

Bw. Alinanuswe alipewa nafasi kwanza. Alisema anazungumza kwa niaba ya vijana wote wa Ilomba na kwamba vijana wameonewa. Alisema yeye ana miaka ishirini na sita, ana kazi ya mikono, ana baisikeli mbili, moja yake ikiwa na taa, na hajawahi kulewa mbele ya watu. Kabla ya Mei wasichana walikuwa wakimsalimu vizuri. Sasa akisimama kisimani kuzungumza nao wanamuuliza kama anajua kusuka nywele.

Mwenyekiti aliuliza nywele zinaingiaje hapa.

Bw. Alinanuswe alijibu kwa uchungu kwamba ni ile sehemu ya nne. Katika sehemu ya nne mgane amekaa kizingitini asubuhi, amemshika binti yake mdogo kati ya magoti, anamsuka nywele kabla hajaenda shule. Upande mmoja umetoka vizuri na upande wa pili umetoka kama shamba lililolimwa na mlevi. Evarista anapita njiani, anaona, anasimama. Basi. Hakuna zaidi. Hapakuwa na zawadi, hapakuwa na wimbo, wala mtu hakuokolewa mtoni. Na bado wanawake walidai sehemu hiyo isomwe mara tatu, na mara ya tatu kuna waliolia.

"Mtu analilia kichwa kilichosukwa vibaya!" alisema Bw. Alinanuswe. "Sasa mimi nifanyeje, Mwalimu? Nioe kwanza, mke afe, ndipo nipendwe?"

Bibi Marta alimwambia aanze na kuoga. Mwenyekiti aliomba maneno hayo yafutwe. Katibu hana kifutio.

Mwenyekiti, akiona joto limepanda, alimgeukia Katibu na kumwuliza kama hadithi hiyo imemdhuru na yeye, maana umri wake ni uleule wa mgane. Katibu alijibu kwamba yeye umri anao lakini sifa nyingine hana: mvi zake zimeondoka pamoja na nywele zenyewe, na mke wake yu hai, anahudhuria kila Jumamosi, akirudi nyumbani humtazama Katibu kwa muda mrefu bila kusema neno. Katibu alikiri kwamba siku hizi hujikuta anachota maji bila kutumwa. Wajumbe walicheka. Mzee Jailos hakucheka.

Mzee Jailos alisimama. Alisema Bw. Alinanuswe analalamika kwamba hadithi inawapa wagane wasichana wote. Huo ni uongo, na yeye ni shahidi. Hadithi haimpi mgane kitu chochote. Imemdanganya mtu mzima mchana kweupe, na hilo ndilo shtaka lake.

Alieleza hivi. Katika ukumbi huu yeye amesikiliza usomaji tangu siku ya kwanza. Tulisomewa namna ya kupanda pareto, akapanda, ikaota. Tulisomewa kuchemsha maji ya kunywa, akaagiza yachemshwe, matumbo yakatulia. Tulisomewa kuchimba makinga-maji mashambani, akachimba akinung'unika, na udongo ukabaki. Kwa hiyo mwezi Mei, iliposomwa habari ya mgane, yeye alijua ni mafundisho kama yale mengine. Nani angesimama katika ukumbi wa Chama na kuwasomea wazee jambo lisilo na faida?

Bi. Severina aliuliza kama Mzee hakuona kwamba mafundisho yale mengine hayakuwa na msichana ndani yake.

Mzee Jailos alisema aliona, na ndiyo maana alisikiliza kwa makini zaidi.

Aliendelea kwamba alijipima na yule mtu wa Ubaruku, akaona wamelingana. Ni mgane, mwaka wa pili sasa. Ana watoto watatu nyumbani, wa mwisho akiwa Lea, wa miaka minne. Ana nyumba ya bati. Yule wa Ubaruku ana ya nyasi, kwa hiyo hapo yeye amemshinda. Mvi anazo. Mwezi Julai alinunua kofia. Mwezi Agosti alimpeleka mshenga kwa wazazi wa Yudith, binti anayefundishwa ushonaji na Bi. Severina. Wazazi walisema siku hizi mambo haya msichana huulizwa. Mzee Jailos alikwenda mwenyewe kumwuliza.

Alimkuta njiani anatoka kisimani. Alimwambia maneno yaleyale ya sehemu ya tano, ambayo alikuwa ameyashika kichwani bila kuacha hata moja: kwamba yeye si kijana, hana maneno matamu, lakini mlango wake uko wazi. Yudith alitua mtungi, akapiga magoti, akasema, "Shikamoo, baba."

Hapa kicheko kilisikika nyuma ya pazia. Katibu hakuweza kujua ni cha nani kwa kuwa vilikuwa vingi. Wanawake wengine, ambao si wajumbe, walikuwa wamekwisha kuingia kwa mlango wa nyuma. Mwenyekiti aliwaruhusu wabaki ikiwa watanyamaza. Walinyamaza kwa kadiri yao.

Mzee Jailos alisema hiyo haikuwa dharau yenyewe, dharau inafuata. Baada ya kusalimu, msichana yule alimwuliza, "Lea hajambo? Kikohozi kimepoa?"

"Nimekwenda kwa jambo la posa, ananiuliza kikohozi!" alisema Mzee Jailos, akieleza kwa nguvu. "Kikohozi gani? Mimi sina habari ya kikohozi. Nikamwambia, mambo hayo waulize wanawake. Akajitwika mtungi wake akaenda zake, hata kwaheri hakusema. Mimi! Mzee wa kanisa! Basi na ichomwe hiyo hadithi, ili mzee mwingine asije akaaibishwa kama mimi!"

Aliketi. Mwenyekiti aliangalia dari, ambayo haina kitu cha kuangaliwa zaidi ya matundu.

Bi. Severina aliomba kujibu. Alianza kwa upole, na upole haukudumu. Alisema ametunga hadithi; hakuandika barua ya posa kwa niaba ya wagane wa Mbeya. Alisema anasikitika kwamba wanaume wawili wamekaa miezi minne wanasikiliza, mmoja akasikia nywele tu, mwingine akasikia mvi tu. "Sikumpa mvi kwa sababu mvi ni tamu," alisema. "Nilitaka mtu aliyekwisha kupigwa na dunia, na bado mkono wake ni mpole. Sasa mtu kama huyo nitampata wapi akiwa na miaka ishirini? Ndiyo maana nilimpa arobaini na mitano."

Mzee Jailos alisema yeye pia amepigwa na dunia.

Bibi Marta alisema, "Kupigwa umepigwa, Mzee, pole sana. Tunauliza mkono."

Bibi Marta aliendelea kwa nafsi yake. Alisema amezalisha wanawake wa mtaa huu kwa miaka mingi, na kazi yake humfundisha tabia za wanaume kwa namna wanavyongoja nje. Wote huahidi. Kijana akiwa nje ya mlango ataahidi mbuzi, nyumba, na kwamba hatamkaripia tena mwenzake mpaka kufa. Mtoto akishakatwa kitovu, ahadi nazo zimekatwa. Alisema mgane wa Ubaruku hakuahidi kitu chochote tangu sehemu ya kwanza. Evarista alimkuta anafua vinguo vya mtoto. Akaona. "Mwanamke ananunua alichokwisha kukiona sokoni," alisema, "haji kununua shamba ambalo litalimwa." Sauti nyuma ya pazia zilisema "Ndaga, mama, ndaga," ambayo kwa Kinyakyusa ni kushukuru.

Ndipo Bi. Ikupa akaomba nafasi.

Mzee Jailos aligeuza kiti chake akatazama ukuta wa upande wa pili, kama ilivyo heshima. Bi. Ikupa alisema na Bibi Marta, na Bibi Marta akafikisha. Katibu ameandika kama ilivyofikishwa:

Kwamba Baba amesema mambo ya kikohozi waulizwe wanawake. Yeye Ikupa ndiye mwanamke anayeulizwa. Ana watoto wake wawili, na tangu mama mkwe alipofariki ana wale watatu wa Baba. Hajakataa, na hatakataa, maana mtoto hana kosa. Huamka kabla ya jogoo, hupika nyumba mbili, na chakula cha Baba hukiweka mlangoni na kuondoka asionwe. Hana pa kukaa isipokuwa hapa, Jumamosi, kwa muda wa sehemu moja. Kwamba wanaume wanauliza hadithi ile ina utamu gani, na kila mmoja amejibiwa kwa hekima, lakini jibu lake yeye ni dogo. Akikaa hapa husikia kwamba yuko mwanamume mmoja anayemwosha mtoto wake mwenyewe.

Kisha sauti ya pazia ikasema jambo jingine, na Bibi Marta akalirudia polepole:

"Anasema, najua si kweli. Ningetaka kweli ningebaki nyumbani. Msiichome."

Bw. Alinanuswe alitazama viatu vyake.

Mzee Jailos, akiwa bado anatazama ukuta, alisema Mwenyekiti amwambie huyo anayesema kwamba yeye Mzee ameonewa. Yeye si mtu wa kuwatupia watu watoto. Alisema kila Jumamosi mkamwana anapokuja huku kucheka, watoto wako nyumbani na bibi yao mzaa baba, ambaye ni mama yake yeye, mwenye macho mazima. "Hata sasa hivi Lea yuko nyumbani kwa bibi yake."

Bibi Marta, bila kuambiwa kitu na mtu yeyote, alisema, "Yuko hapa."

Mzee Jailos aliuliza hapa wapi.

"Mgongoni kwa mkamwana wako. Amelala. Kila Jumamosi yuko hapa, Mzee. Bibi yake anambeba nani, miguu ile?"

Wakati huo kikohozi kilisikika nyuma ya pazia. Kilikuwa kidogo, cha usingizini, kikavu. Kilirudi tena.

Mzee Jailos alisimama, akasema aletewe mtoto wake. Hapo kikao kiliingia katika matatizo ambayo katiba ya Chama haikuyafikiria. Mzee Jailos hakuweza kwenda nyuma ya pazia, kwa sababu mkamwana yuko huko. Bi. Ikupa hakuweza kutoka, kwa sababu baba mkwe yuko huku. Mwenyekiti alimwomba Bibi Marta amchukue mtoto na kumfikisha, kama anavyofikisha maneno. Bibi Marta, ambaye mikono yake imepokea nusu ya watu wa Ilomba, aliikunja kifuani, akasema yeye leo ni wa maneno tu. Bi. Severina alitazamwa, akawa anatafuta sindano sakafuni. Katibu alijitolea, lakini ilisemwa kwamba aliwahi kuangusha taa ya Chama mara mbili.

Hatimaye pazia liliinuliwa kidogo chini, na mtoto akasogezwa kwenye mkeka, amefungwa kanga, mpaka nusu yake ikawa upande huu. Mzee Jailos aliangalia kulia na kushoto. Kisha akavua kofia mpya, akaiweka kitini, akapiga magoti na kumwinua.

Aliketi naye. Kwa namna alivyokaa ungedhani amepewa beseni lililojaa maji alishike kidogo mpaka mwenyewe arudi. Mtoto hakuamka. Alitafuta mahali pa kuweka kichwa, akapapata, akaendelea kulala akikohoa mara moja moja. Mzee Jailos aliuliza, bila kumtaja mtu, hali hii ina muda gani. Jibu lilitoka nyuma ya pazia, likafikishwa na Bibi Marta, kwamba ina wiki ya tatu, na kwamba ni usiku ndipo huzidi.

Baada ya muda Mzee Jailos aliuliza ni nani anayempokea sasa. Bibi Marta alisema atapokewa kikao kikiisha.

KUMB. NA. 5/9/57: KURA

Mwenyekiti alisema maneno yametosha, na sasa ipigwe kura. Alieleza kwamba Bi. Severina hapigi kura kwa kuwa hadithi ni yake, na Katibu hapigi kwa kuwa kwa mujibu wa katiba Katibu hana kura, ana wino tu. Wanabaki wajumbe wanne. Kura zikilingana Mwenyekiti ataamua, na akaona ni haki aseme mapema kwamba ataamua hadithi ikomeshwe, si kwa kuichukia, bali kwa kuwa hawezi kukaa na mzee wa kanisa aliyekasirika na viti ni vya kanisa.

Bi. Severina alisema hiyo si haki. Mwenyekiti alikubali kwamba si haki, lakini viti ni viti.

Mwenyekiti aliwataka wanaotaka hadithi ikomeshwe na kuchomwa wainue mikono.

Bw. Alinanuswe aliinua. Wote wakamtazama Mzee Jailos.

Mkono wake wa kushoto ulikuwa chini ya magoti ya mtoto, na wa kulia ulikuwa nyuma ya kichwa. Alijaribu kuutoa wa kulia. Mtoto alikohoa, akashika kifungo cha shati lake. Mzee Jailos alirudisha mkono mahali pake.

Bw. Alinanuswe alisema kwa hasira kwamba nia ya Mzee inajulikana na ihesabiwe hivyohivyo. Katibu alisoma kifungu kinachosema kura ni mkono ulioinuliwa juu ya bega, si nia, si mdomo. Kifungu hicho kililetwa mwaka jana na Mzee Jailos mwenyewe, kwa hoja kwamba midomo huongopa. Bw. Alinanuswe alisema basi apokewe mtoto kwa dakika moja. Alinyoosha mikono yake, ambayo ilikuwa na grisi mpaka viwikoni. Mzee Jailos aliitazama mikono hiyo, akamsogeza mtoto upande mwingine.

Mwenyekiti aliuliza mara ya pili. Akangoja. Aliuliza mara ya tatu.

"Endelea, Mwalimu," alisema Mzee Jailos, kwa sauti ndogo sana. Ni mara ya kwanza Katibu kulazimika kumwinamia ili amsikie.

Mwenyekiti aliwataka wanaotaka hadithi iendelee. Bibi Marta aliinua mkono. Juu ya pazia ilionekana mikono miwili. Bi. Ikupa aliombwa ashushe mmoja.

Matokeo: wanaotaka ikomeshwe, kura moja. Wanaotaka iendelee, kura mbili. ILIAZIMIWA hadithi isichomwe, na usomaji wa Jumamosi uendelee kama kawaida. Nyuma ya pazia palitokea shangwe, ambayo Mzee Jailos aliikataza kwa kutikisa kichwa na kuonyesha kwa macho alichoshika. Hawakumwona, lakini Bibi Marta aliwafikishia.

KUMB. NA. 6/9/57: MENGINEYO

Matundu ya dari: yaliahirishwa.

Bw. Alinanuswe, akiwa bado hajaridhika, aliomba mtunzi aweke ndani ya hadithi angalau kijana mmoja asiye mlevi wala mjinga. Bi. Severina alisema atafikiri. Aliuliza kijana huyo awe anajua kufanya nini. Bw. Alinanuswe alifikiri kwa muda, akaomba apewe nafasi ajibu kwa faragha.

Mzee Jailos aliulizwa kama ana neno. Alisema analo, lakini alitaka Katibu asogee. Alisema hajabadili maoni yake. Alisema hadithi ile ni uongo, imemwaibisha mbele ya mtaa, na Wahehe wawili waliomo katika Kamati hii wanamcheka moyoni. Katibu anakiri kwa upande wake. Alitaka iandikwe kwamba bado amekasirika. Imeandikwa. Kisha akauliza, akitazama ukuta, kama usiku maji ya mvuke humfaa mtoto au huzidisha. Bibi Marta aligeukia pazia kuuliza. Jibu lilikuwa refu. Lilifikishwa lote, na Mzee Jailos akaomba lirudiwe.

KUFUNGA KIKAO

Kikao kilifungwa saa kumi na nusu jioni. Hatukuimba, kwa ombi la Mzee Jailos, ambaye ndiye huanzisha wimbo. Wajumbe walitoka mmoja mmoja, viatu mkononi.

........................................
Saulo Mwangoka
MWENYEKITI

........................................
Danieli Kalinga
KATIBU